Minu na bukari: kutoka Likasi mpaka ziwa la Tshangalele



Juma hili hatuandiki juu ya bei ya unga wala juu ya feza ya masomo. Tunaandika juu ya paka. Tunajua wengine watacheka. Lakini hapa Likasi lupango zisizo na paka ni chache, sababu karibu kila nyumba ina mfuko wa unga, na penye unga panya hawakosi. Paka ni mlinzi asiyedai mshahara. Anadai chakula tu, na hapo ndipo matata yanaanza.

Paka wa kwetu anaitwa Minu. Jioni moja ya mwezi wa pili tulimwekea bukari na sombe katika kisahani chake, kama tulivyokula sisi wenyewe. Akakaribia, akanusa, akakwaruza sakafu kwa mguu wa mbele kama mtu anayefukia takataka, kiisha akaenda zake. Kambo, yaani nyanya ya watoto wetu, akasema: "Huyu ana kiburi. Mumuache. Njaa itamfundisha."

Binti yetu wa miaka saba akaanza kulia. Akasema: "Kambo, hata kwa Simba mlisema hivyo."

Nyumba nzima ikanyamaza.

Simba alikuwa paka wetu wa mbele ya Minu. Alikuwa paka mkubwa, mwekundu, mwenye kuua panya hata wakati wa mchana. Siku moja aliacha kula. Tulimwekea bukari, akakataa. Tulimwekea mabaki ya nyama, akanusa, akalia kidogo, akakataa. Tukasema amezoea vitu vitamu, tumuache mpaka njaa imkamate. Siku ya tano tulimkuta amekufa chini ya mwembe. Kambo alipomwinua ili tumzike, mdomo ulifunguka, na ndani yake tukaona mfupa wa kuku umekingama kwenye kaakaa, kati ya meno ya kushoto na ya kulia. Siku zile tano hakuwa na kiburi. Alikuwa na njaa na hakuweza kula.

Sisi tunaofundisha watoto tulipaswa kulijua jambo hilo. Mtoto akikataa kunakili masomo, unaangalia kwanza kama anauona ubao vizuri, mbele ya kumwita mvivu. Kwa Simba hatukuangalia. Basi kwa Minu tulimshika tukaangalia mdomo: safi. Macho: mazuri. Alikuwa anacheza na kukimbia. Usiku ule akala ndakala mbili zilizoanguka chini ya meza. Kwa hiyo hakuwa mgonjwa. Alikataa bukari tu. Tukajiuliza: kwa nini?

Jibu tulilipata kidogo kidogo, njiani. Katika mapumziko ya Pasaka, wamama watatu wa likelemba yetu walikuwa wanakwenda Kapolowe kununua samaki wa kuuza, nasi tukafuatana nao. Tulidhani tunakwenda kutafuta samaki. Tulirudi tumejifunza mambo ya paka.

Tuanzie sokoni, kule Kikula. Mnajua namna soko lilivyo asubuhi: mifuko ya unga imepangwa kama ukuta, wabeba mizigo wanapiga kelele, vumbi jeupe linakaa hata kwenye nyusi za wauzaji. Nyuma ya mifuko ya mama mmoja anayeuza unga kwa meka kulikuwa na paka wa rangi ya majivu amelala. Tukamuuliza mama yule: "Mama, huyu wako anakula bukari?"

Akacheka. "Bukari? Amelala juu ya unga tangu alipozaliwa, na siku moja hajaonja. Anakula panya, na jirani wangu wa ndakala anamtupia vichwa."

Hapo ndipo somo la kwanza lilipo. Mwili wa paka si kama wetu, wala si kama wa mbwa. Mbwa anaweza kuishi pamoja na mtu na kula mengi ya mtu. Paka ameumbwa kwa kula nyama. Bukari inaweza kumjaza tumbo na kumpa nguvu kidogo, lakini peke yake haiwezi kumlisha. Ndani ya nyama na samaki kuna kitu kinachoitwa taurini, ambacho hakipatikani katika mahindi wala katika majani. Mwili wa mtu unajitengenezea taurini, lakini wa paka hautengenezi ya kumtosha. Akiikosa kwa miezi mingi, macho yanaharibika mpaka upofu, na moyo unalegea. Mwaka 1987 wataalamu wa Chuo Kikuu cha California, kule Davis, walionyesha kwamba paka waliokuwa wanakufa kwa ugonjwa huo wa moyo walikosa taurini katika chakula, na wengi walipopewa walipona.

Sombe nayo ni vilevile. Majani yanatupa sisi na watoto wetu vitamini A, kwa sababu mwili wetu unaweza kuigeuza kutoka kwenye majani. Mwili wa paka hauwezi. Anaihitaji ikiwa tayari ndani ya nyama, hasa ndani ya maini.

Jambo lingine lilitushangaza zaidi. Paka hasikii utamu wa sukari. Mwaka 2005 wataalamu wa kituo cha Monell, kule Philadelphia, Marekani, waligundua kwamba chembe ya urithi inayofanya ulimi kutambua utamu imeharibika kwa paka wa nyumbani, na hata kwa chui milia na duma. Basi kisahani cha chai yenye sukari na mkate, ambacho watoto wetu wanamwekea Minu kwa upendo, kwake ni kama maji na karatasi. Tusiseme anadharau zawadi.

Kutoka Kikula tulipanda gari kuelekea Kapolowe, upande wa Lubumbashi. Njia ile mnaijua, wamama. Unauacha mji na vilima vyake, unaacha mabomba ya viwanda vya Shituru nyuma yako, kiisha unakutana na magari makubwa ya mizigo ya migodi, moja nyuma ya jingine, na vumbi linaingia hata kama umefunga kioo. Wamama wa likelemba walikuwa na mabeseni matupu kwenye mapaja. Tulifika Kapolowe Gare, tukashuka, tukapanda moto mpaka karibu na maji.

Kwa watoto wanaosoma gazeti hili pamoja na mama zao, tuseme neno moja juu ya ziwa hili. Tshangalele si ziwa la tangu zamani za kale. Lilizaliwa wakati wakoloni walipoziba mto Lufira kwa boma kule Mwadingusha, ili kupata umeme wa viwanda vya shaba. Mitambo ilianza kazi mwaka 1930. Maji yakaenea juu ya mabonde, na samaki wakajaa. Kwa hiyo samaki wengi tunaokula Likasi wanatoka katika maji yaliyozuiliwa kwa ajili ya shaba. Kila mwaka, katika miezi ya mvua, uvuvi unafungwa kwa muda ili samaki wazae. Tulipofika ulikuwa umefunguliwa tena, na ufuko ulikuwa na watu wengi.

Na paka. Hatujaona paka wengi namna ile. Walikaa mbali kidogo na mitumbwi, kila mmoja mahali pake, kama wanafunzi wanaongojea kuitwa majina. Mama mmoja alikuwa anapasua makobo na kutupa matumbo kando. Paka jike akaja, akachukua tumbo moja, lakini hakulila pale. Akalibeba mpaka chini ya mtumbwi uliopinduliwa, na huko watoto wake watatu wakatoka wakilia. Akaliweka mbele yao, akaonja kidogo, akawaachia.

Mmoja wa wamama wetu alikuwa na mfupa wenye nyama ya mbuzi uliobaki katika chakula cha njiani. Akawatupia. Watoto wale wa paka wakanusa nyama, wakarudi nyuma. Mama yao naye hakuigusa. Nyama ya mbuzi! Tukaangaliana. Kwetu mtu atasema paka hawa wana kiburi kuliko watu wa mjini.

Mama wa samaki akatuambia bila kuinua kichwa: "Hawaijui. Mama yao hajawahi kuwaletea."

Maneno hayo ndiyo tuliyoyafuata Kapolowe bila kujua. Mtoto wa paka anajifunza chakula kwa mama yake. Anaanza kujifunza hata mbele ya kuzaliwa, sababu harufu ya vile anavyokula mama inafika tumboni, kiisha inaingia katika maziwa. Anapoanza kula, anatazama mama anakula nini. Mtaalamu mmoja, Wanda Wyrwicka, aliyefanya kazi California, aliandika mwaka 1978 juu ya paka aliowazoeza kula ndizi. Watoto wao waliokaa karibu wakaanza nao kula ndizi, chakula ambacho paka hana sababu ya kukipenda. Mama alikula, basi na wao wakala.

Paka mkubwa anapokutana na chakula asichokijua, woga wake una faida. Porini, anayekula kila kitu anachokikuta ndiye anayekufa kwa sumu. Na lile jambo la Minu la kukwaruza sakafu, tulilolisoma kama dharau, ni tabia ya zamani: paka anafunika chakula asichokitaka kwa saa ile, ili wanyama wengine wasikinuse.

Tukakumbuka Minu alikotoka. Tulimpata akiwa mdogo kwa mama mmoja anayeuza ndakala na samaki wa friji. Alizaliwa katika harufu ya samaki. Sisi tulimleta nyumbani tukamwekea sombe.

Lakini msidhani kwamba paka wa ziwani wana raha tupu. Karibu na nyumba ya kukaushia samaki tulimwona paka mmoja anatembea kama mlevi, kichwa kimeinama kuelekea kifua. Mwenyewe alisema alianza kwa kukataa kula, kiisha miguu ikapotea njia. Alikuwa anakula samaki wabichi tu, kila siku. Hapa kuna onyo kwetu. Ndani ya samaki wengine wabichi kuna kitu kinachoharibu vitamini B1. Paka akila hao tu kwa muda mrefu, hamu ya chakula inakwisha, kiisha anayumba namna ile, na anaweza kufa. Akitibiwa mapema kwa vitamini hiyo, anaweza kupona. Moto unaharibu kitu kile kibaya. Kwa hiyo samaki wa paka apikwe, na asiwe samaki tu siku zote. Tukamshauri yule mwenyewe amtafute munganga wa wanyama upesi.

Mama wa samaki alitupa somo la mwisho bila kujua kwamba anafundisha. Saa sita alichemsha vichwa na matumbo katika chungu kidogo juu ya mbabula, bila chumvi. Aliondoa miiba, akasubiri mpaka kidole chake kiweze kuvumilia, ndipo akawaita paka wake wawili. Wakala vyote. Tukamuuliza kwa nini hakuwapa vya jana vilivyobaki. Akasema: "Vya baridi hawavitaki. Ninawapashia."

Paka anakula kwa pua kwanza. Ulimi wake una vionjo vichache sana kuliko wetu, lakini pua yake ni kali. Chakula cha baridi hakina harufu, na chakula kisicho na harufu, kwake si chakula. Anapenda joto linalokaribia joto la mwili, kama panya aliyekamatwa saa ile. Ndiyo sababu paka mwenye mafua, pua ikiziba, anaacha kula hata kama tumbo ni tupu. Katika baridi ya mwezi wa sita na wa saba hapa Likasi, mlikumbuke hilo.

Tulirudi jioni, mabeseni yamejaa, nguo zinanuka samaki. Minu alitupokea kwenye mlango kama hajawahi kutupokea.

Sasa, wamama, tunajua swali mnalouliza, sababu hata sisi tuliliuliza ndani ya gari: watoto wenyewe hawali samaki kila siku, tutampa paka? Hapana. Hatuwezi kumnyang'anya mtoto ili kumlisha paka. Tulichofanya ni kutumia vile ambavyo watu hawali. Vichwa vya samaki, matumbo yaliyosafishwa, vipande vya maini, ndakala zilizovunjika chini ya mfuko, ambazo muuzaji anakupa kwa bei ndogo. Tunachemsha, tunatoa mifupa na miiba, ndakala tunazitwanga. Kiisha tunachanganya na bukari kidogo sana, tukiongeza siku baada ya siku. Siku ya kwanza ilikuwa kama kidole kimoja. Ilipita karibu majuma mawili mbele Minu akubali mchanganyiko wenye bukari inayoonekana kwa macho. Mpaka leo samaki ndiye mwingi, bukari ndiyo kidogo, na ndivyo inavyopaswa kuwa. Sombe hajagusa, na hatumlazimishi tena.

Tunampa kidogo kidogo, asubuhi na jioni, na kidogo tena mchana kama kuna mtu nyumbani. Tumbo la paka ni dogo. Tunamwekea mahali pa utulivu, mbali na kelele za watoto na mbali na mahali anapojisaidia. Maji safi yanakaa kando. Na tusimnyime chakula eti ili awinde vizuri. Minu ameshiba na bado anakamata panya, sababu kuwinda kwake ni tabia, hata bila njaa.

Kuna vitu ambavyo hatuweki tena. Mifupa ya kuku iliyopikwa, mnajua kwa nini. Kitunguu na kitunguu saumu, hata katika mchuzi, sababu vinaharibu damu ya paka. Makayabu yenye chumvi nyingi. Maziwa mengi, sababu paka wengi wakubwa yanawaharisha.

Na sasa tunakuja kwa jambo tuliloandikia barua hii. Paka anayechagua chakula, lakini anacheza, anakunywa na anakula kitu kingine, huyo ana ladha yake. Paka anayekataa kila kitu siku nzima na usiku mzima ni mgonjwa mpaka ionekane vinginevyo. Mtoto wa paka msimngojee hata muda huo. Paka mnene anayekaa siku mbili au tatu bila kula yuko katika hatari kubwa zaidi, sababu mafuta ya mwili yanakimbilia kwenye ini na kulifunga. Angalieni mdomo kama kuna mfupa, jino bovu au kidonda. Angalieni pua kama imeziba. Ulizeni majirani kama mtu ametega sumu ya panya, maana paka akila panya mwenye sumu naye anaweza kufa.

Lakini sikieni vizuri: kama paka anatokwa mate, amebadilika tabia, anauma bila sababu au hawezi kumeza, msitie mkono mdomoni mwake. Kichaa cha mbwa kinashika paka pia. Waondoeni watoto, mwiteni munganga wa wanyama. Aliyeumwa aoshe kidonda kwa maji mengi na sabuni kwa dakika 15, kiisha aende hospitali siku ileile. Na mama yeyote asimpe paka parasetamoli ya watoto. Hata kipande cha kidonge kinaweza kumuua.

Minu anakula sasa. Kambo hakusema neno juu ya Simba tangu siku ile, na sisi hatukumuuliza. Lakini juma lililopita tulimkuta jikoni peke yake, amekaa kwenye kiti kidogo mbele ya kisahani, anapekua kichwa cha makobo kwa vidole, polepole, akitafuta miiba. Minu alikuwa amekaa miguuni pake, anangojea. Kambo alipotuona akasema tu: "Kingali moto. Acha kipoe kidogo."

Mbakie na amani, wamama. Mama mwenye paka anayekataa chakula atuambie siku ya mkutano, tusaidiane kutafuta sababu.